Sauti ya Aliyetubu ni ya Nani?

Kaseti yenyewe ni ya dakika 90. Kwenye karatasi yake pameandikwa jina la Babu, jina la bi harusi na neno moja tu: Kuze. Mwaka hakuna. Mkanda ulikuwa umelegea upande mmoja, nikaukaza kwa kalamu ya Bic kama mama alivyonifundisha, nikaitia kwenye redio, nikabonyeza.

Tangu niache chuo mwaka wa pili naishi kwa vikazi. Makala hapa, tafsiri pale, maneno ya matangazo ya mkahawa, na tangu mwaka jana, kaseti. Watu wa Mji wa Kale wana kaseti kabatini lakini hawana tena cha kuzipigia. Mimi nina redio kaseti niliyoinunua kwa fundi, waya mmoja, na laptopu ambayo feni yake hupiga kelele kuliko tuktuk. Kaseti moja shilingi 500, na faili unatumiwa kwa WhatsApp. Si kazi ya kumringia mtu, ila kodi hulipika.

Hii ya Babu haikuwa ya 500. Kuna jamaa yetu wa mbali yuko Muscat, ana chaneli ya YouTube ya taarabu za zamani. Aliposikia nimeipata akaniambia atanipa shilingi 15,000 nikimtumia ikiwa safi. Nilimwambia sawa kabla hajamaliza sentensi.

Jioni yake, baada ya Alasiri, Ami akanikuta barazani.

"Mwanangu, nasikia una kaseti ya Babu yako."

"Ninayo, Ami."

"Usiitoe."

"Kwani kuna nini?"

"Babu yako alitubu. Na kabla hajafa alituambia: sauti yangu msiipige tena. Wewe ulikuwa chuoni, hukuwapo. Mimi nilikuwapo."

Hapo ndipo shida yangu ilipoanzia, na ndiyo sababu ya kuandika haya.

Babu alikuwa ndugu mdogo wa babu yangu mzaa baba. Hakuwa mtu mashuhuri. Mchana alifanya kazi bandarini, usiku wa harusi akashika kinanda. Mara moja alitokea kwenye televisheni, enzi za Sauti ya Kenya, na bibi alikuwa akisimulia jinsi mtaa mzima ulivyojazana kwenye nyumba mbili zilizokuwa na televisheni, watoto wakikaa hadi kwenye ngazi. Kwa wiki nzima hakununua kahawa kwa pesa yake. Watu walisema yuwaimba kama Juma Bhalo. Kwa mwimbaji wa hapa hakukuwa na sifa kubwa kuliko hiyo.

Kwa wasiomjua, Mohamed Khamis Juma Bhalo, aliyeitwa Profesa, ndiye sauti ya harusi za Mombasa kwa miongo kadhaa. Nyimbo zake nyingi zilikuwa na lahani za filamu za Kihindi zilizotiwa maneno ya Kiswahili, na maneno yenyewe hayakuwa ya mchezo. Mengi aliandikiwa na jamaa yake Ahmad Nassir Juma Bhalo, yule wa Malenga wa Mvita, diwani iliyotoka 1971. Kina bibi zetu walizijua nyimbo hizo kwa moyo, na mafumbo yake walijua yanamlenga nani mtaani. Kisha mwenyewe akaacha. Miaka michache kabla ya kufariki Aprili 2014, Bhalo aliweka kinanda chini kwa sababu za dini. Lakini pita leo Marikiti au panda tuktuk kutoka Makadara. Bado anaimba. Aliyeacha ni yeye, sisi hatukuacha.

Basi swali langu si la familia yangu peke yake. Mtu akiimba miaka 30, kisha akasema amejuta, sauti iliyobaki kwenye kanda ni ya nani? Ni ya yule aliyeimba, au ya yule aliyetubu?

Ami ana hoja, na si hoja ya kipuuzi. Sote tumefundishwa madrasani kwamba mtu akifa amali zake hukatika isipokuwa tatu, na mojawapo ni sadaka yenye kuendelea. Umechimba kisima, kila anayekunywa, thawabu zakufikia kaburini. "Sasa geuza," akaniambia Ami. "Kama kisima chaendelea, na aliyoyaona mwenyewe kuwa ni makosa je? Wewe ukiitia huko YouTube, watu laki moja wakasikiliza, nani atakayelipa?"

Najua wanazuoni wamehitilafiana kuhusu muziki, na mimi si mtu wa kuwaamulia. Lakini hoja ya Ami haihitaji fatwa. Hata asiye na dini ataelewa sehemu yake ya msingi: mtu mzima, mwenye akili timamu, aliomba jambo dogo kuhusu nafsi yake mwenyewe.

Nikawauliza rafiki zangu, pale tunapokula viazi karai jioni. Jibu lao lilikuwa jepesi: ikishatoka imetoka. Kazi ikifika kwa watu ni ya watu. Ningelikubali jibu hilo kama nisingewajua. Hawa ndio hao hao wanaofuta status saa nane za usiku, na wakisikia kuna mtu alipiga skrinishoti wanamnunia mwezi mzima. Mmoja wao ameshafunga akaunti mbili kwa sababu hataki mtu wa sasa akutane na yeye wa zamani. Kizazi chetu kinajua vizuri kabisa haki ya mtu kujiondoa. Tunaidai kwa ajili yetu. Kwa wazee waliorekodiwa kabla hatujazaliwa, ghafla tunasema imetoka imetoka.

Wengine wangenikumbusha Kafka. Franz Kafka alifariki 1924, akiwa amemwomba rafiki yake Max Brod achome maandishi yake yote. Brod hakuchoma, aliyachapisha, na leo dunia inamshukuru. Lakini nikiifikiria hadithi hiyo naona haimsaidii mtu kuamua. Tunamsifu Brod kwa sababu tumefaidika. Anayefaidika si hakimu mzuri. Na mimi nilikuwa na 15,000 zangu zinanisubiri.

Kuna mfano wa karibu zaidi na hapa. Cat Stevens, mwimbaji wa Uingereza aliyekuwa akiuza santuri dunia nzima, alisilimu Desemba 1977, akaitwa Yusuf Islam, akaacha muziki, magitaa yake yakapigwa mnada kwa ajili ya sadaka. Zikapita karibu miaka 30. Mwaka 2006 akatoa albamu tena. Kwa hiyo hata toba ya mtu kuhusu sauti yake yaweza kuchukua njia ndefu, na mwenye haki ya kuifuata njia hiyo ni yeye mwenyewe. Shida ya Babu ni kwamba alikufa akiwa hapo alipofika. Siwezi kumsemea kwamba angerudi. Kusema "angebadili mawazo" ni njia ya adabu ya kumnyang'anya maiti neno lake la mwisho.

Kwa hiyo mpaka hapo Ami alikuwa ameshashinda, na nilikuwa tayari kumwandikia yule jamaa wa Muscat. Ila nilikuwa sijaisikiliza kaseti yote.

Kanda za harusi za zamani hazikurekodiwa studioni. Redio iliwekwa karibu na spika na kila kitu kikaingia: kinanda, tabla, taishokoto, mtoto analia, mtu anaitisha soda. Upande wa pili, katikati ya wimbo wa tatu, wanawake wanakwenda kumtuza. Mmoja anapiga kigelegele kirefu mno, kinakatika, kinaanza tena, halafu anacheka na kusema, "Shika, shemeji!"

Ni bibi yangu. Amefariki, na katika familia yetu yote hakuna mahali pengine sauti yake ilipobaki. Bibi hakupenda simu, na video alikuwa akizikimbia kwa kujifunika leso usoni. Kumbe yuko hapa, kijana kuliko mimi nilivyo, anamtania shemeji yake.

Na bibi hakutubu chochote kuhusu usiku ule. Alikuwa akiusimulia mpaka mwisho.

Hapo nikarudi kwa Ami na hoja ambayo niliiona kali sana. Nikamwambia: Ami, hata mali yake mtu haruhusiwi kuusia zaidi ya theluthi. Theluthi mbili ni haki ya warithi, hawezi kuzigusa kwa wasia. Sasa wimbo je? Maneno yaliandikwa na mtu mwingine. Lahani ilitoka Bombay. Tabla ilipigwa na mwingine. Vigelegele ni vya wanawake wa Kuze. Babu akiweka pamoja alichokuwa nacho mle ndani, hakifiki hata theluthi. Atausiaje kaseti nzima?

Ami akanitazama kwa muda, akacheka. "Umesoma nusu chuo, umekuwa nusu kadhi."

Kisha akanijibu, na jibu lake silisahau. "Haya, theluthi mbili ni za warithi. Warithi ni kina nani? Ni mimi, ni shangazi zako, ni baba yako, ni watoto wa yule mpiga tabla. Wewe umemuuliza nani? Au mrithi ni YouTube?"

Sikuwa na la kusema. Hoja yangu mwenyewe ilikuwa imenigeukia. Nilikuwa nimethibitisha kwamba Babu hakuwa na haki ya kuizima kaseti peke yake, nikadhani kwamba kwa hivyo mimi ninayo haki ya kuifungulia dunia. Lakini kitu kisichokuwa cha mtu mmoja hakigeuki kuwa cha yeyote atakayekiokota. Kinakuwa cha watu kadhaa, na kila mmoja wao ana neno. Hili tunalisahau kwa urahisi siku hizi. Tumezoea kuona milango miwili tu, ama kitu ni cha siri cha mwenyewe, ama ni cha wote. Taarabu ya harusi haikuwa hivyo. Ilikuwa ya waliokuja. Aliyealikwa alisikia, na jirani aliyesikia kupitia dirishani alijua amesikia ya watu.

Kuna pia tofauti kati ya kutoharibu na kutangaza, na nadhani ugomvi mwingi kuhusu kazi za waliotubu unatokana na kuichanganya. Babu hakusema tuchome. Alisema tusipige. Nikiitunza, sijamvunjia. Nikiipeleka kwa watu laki moja wasiomjua ili nipate kodi ya miezi miwili, nimemvunjia, hata nikiita jambo hilo kuhifadhi utamaduni. Neno hilo, hifadhi, siku hizi linafunika mambo mengi.

Nilimwandikia yule jamaa kwamba haitawezekana. Alinijibu kwa kidole gumba, kisha kimya. Mwezi ule nilichelewa kulipa kodi, na mwenye nyumba alinikumbusha mara tatu kwa upole unaozidi kupungua.

Sijioni shujaa. Sina hakika hata kama nimefanya sawa. Siku tutakapokufa sisi tunaoitambua sauti ya bibi, faili lile litakuwa kelele za watu wasiojulikana, na pengine mtu atasema tungeliitoa mapema. Huenda. Na bado, Juma Bhalo akiimba ndani ya tuktuk sishuki. Mwenye mantiki safi angeshuka. Najiambia kwamba ombi la Babu nimefikishiwa na mtu aliyelisikia, na kwamba zile nyimbo za Profesa zilishakuwa za mji mzima. Najua jibu hilo lina tundu.

Wiki mbili baadaye nilimwambia Ami kuhusu kigelegele. Nilikuwa sijamwambia kwa sababu niliona ni kama kumhonga. Bibi ni mama yake mzazi.

Akanyamaza. Akauliza kama naweza kumkatia kipande hicho peke yake, bila wimbo. Nikamwambia nimeshajaribu. Programu haiwezi, kigelegele kimelala juu ya sauti ya Babu, ukikitoa kimoja kinaondoka na kingine. Akatazama mlangoni, kama mtu anayehofia kuonekana. Kisha akaketi karibu na laptopu.

"Weka sauti ndogo," akasema.

Nikabonyeza. Babu akaimba, bibi akapiga kigelegele, akacheka, "Shika, shemeji!" Ami alikuwa ameinamisha kichwa. Adhana ya Magharibi ilikuwa haijafika bado.

"Rudisha nyuma kidogo," akasema.