Muhula wa Mdaiwa

Siku dalali alipokuja kubandika ilani ya mnada mlangoni pa jirani yetu, mama mwenye nyumba alikuwa akifagia baraza, naye hakuacha kufagia. Alimsogezea yule mtu kigoda apate kupanda, kisha akaendelea na ufagio wake mpaka uani, yalipo makaburi mawili ya wazee wake. Juma moja kabla ya hapo mthamini alikuwa amepima vyumba, akahesabu minazi, akaandika bei. Makaburi hakuyaandika, maana karatasi yake haikuwa na mahali pa kuyatia.

Tangu siku ile nimekuwa nikijiuliza ni kitu gani hasa mahakama humpa mdaiwa inapousimamisha mnada. Msamaha hauwi, kwa kuwa deni hubaki pale pale na riba yazidi kupanda. Na hisani haiwezi kuwa, kwa kuwa hisani hutoka kwa mwenye mali, na hakimu hana mali yake katika shauri lile. Kinachotolewa ni muhula. Aya ya 280 ya Surat al-Baqara imeyatenga mambo haya mawili kwa uangalifu mkubwa: kumngoja mdaiwa aliye katika dhiki mpaka apate wasaa imekufanya kuwa amri, na kumwachilia deni imekufanya kuwa sadaka. Basi muhula una mizizi katika haki, na mwenye kuuomba hasimami mlangoni kama mwombaji wa sadaka.

Sheria ya Ardhi ya Kenya ya mwaka 2012 nayo, kwa njia yake, imeukiri wakati kuwa haki: mdaiwa hupewa miezi isiyopungua mitatu ya kulipa malimbikizo, kisha ilani ya siku 40 kabla ya kuuza, na dalali naye, kwa kanuni zake mwenyewe, humpa siku 45 za kukomboa, na juu ya yote hayo mahakama ina uwezo wa kuahirisha mauzo, au kuyabadili masharti yake, pale insafu inapotaka hivyo. Lakini anayeomba zuio hupimwa kwa mizani ya kesi ya Giella ya mwaka 1973, ambayo, pamoja na mengine, humtaka aonyeshe kwamba atapata hasara isiyoweza kufidiwa kwa fedha. Na hapo ndipo wengi huanguka, kwa hoja kwamba aliyeweka nyumba yake rahani amekwisha kuifanya bidhaa, na bidhaa ina bei.

Hoja hii siikubali. Rahani huwekwa ili ikombolewe, na lugha yetu yalijua hilo tangu zamani, maana neno tulitumialo kwa rahani, kukomboa, ndilo tulitumialo kwa mateka. Na hakuna aliyepata kusema kwamba mateka, kwa kuwa amewekewa fidia, amegeuka kuwa fidia yenyewe. Fauka ya hayo, hasara mbili zilizo mbele ya hakimu si za jinsi moja. Mdai akingojeshwa, hasara yake yahesabika kwa siku na kwa asilimia, na aweza kulipwa hata mwakani. Ilhali nyundo ikishaanguka, haki ya kukomboa imekatika, na hata bei ikidhihirika kuwa ilikuwa ya dhuluma, aghalabu mdaiwa huambiwa adai fidia, nyumba ikiwa na mwenyewe mwingine.

Sisemi mdai hana haki. Fedha anazokopesha ni akiba za watu, na mwenye kukimbilia mahakamani mwaka hata mwaka bila ya kulipa hata senti amdhulumu yule atakayenyimwa mkopo kesho. Ndiyo maana muhula bora ni ule wenye sharti.

Jirani yetu alipewa siku 60, kwa sharti alipe theluthi ya malimbikizo. Mwanawe aliuza mashua. Fedha zilifika siku ya mwisho, baada ya adhuhuri, zimefungwa katika pindo la kanga, na salio bado lalipwa kila mwezi.