Jumatatu: Anawaita kwa Jina

Soma Mwanzo 25:29–34 na Yohana 10:3, 14, 15. Esau aliuza nini, na kwa bei gani? Mchungaji mwema anawajua kondoo wake kwa namna gani?

Huko Jadida, wilayani Wete, kisiwani Pemba, kama kwingineko Zanzibar, sheha ndiye anayethibitisha kwamba mtu ni mkaazi wa shehia yake. Anamjua mtu kwa sura, lakini pia anaweza kujua nyumba yake, jamaa zake na shida zake. Mashine ya kutambua sura haijui hayo. Huugeuza uso kuwa tarakimu, ikazilinganisha na nyingine zilizohifadhiwa.

Tarakimu hizo siku hizi zina bei. Mwaka 2023 watu wengi jijini Nairobi walipanga foleni ili mboni na nyuso zao zipigwe picha na mradi wa Worldcoin, wapate sarafu ya kidijitali yenye thamani ya shilingi 7,000 hivi za Kenya. Serikali ilisimamisha usajili huo Agosti 2023, na Mei 2025 Mahakama Kuu ikaamuru taarifa hizo zifutwe. Namba ya siri ikiibwa, mtu huweka nyingine. Uso ukiibwa, ataweka upi?

Wengi kwenye foleni ile walisukumwa na uhitaji, kama Esau aliyerudi hoi kutoka nyikani. Biblia haimlaumu Esau kwa njaa yake. Inamlaumu kwa kuudharau urithi ambao angekuja kuulilia baadaye (Waebrania 12:16, 17).

Mungu naye huona yote (Zaburi 139:1–4). Tofauti iko wapi? Anayetujua hivyo hawezi kutuuza, maana ndiye aliyetununua kwa damu ya thamani (1 Petro 1:18, 19). Sura zetu ni za watu walioumbwa kwa mfano wake (Mwanzo 1:27). Basi kabla ya kutoa alama zake, Mkristo na aulize: Nani atazitunza, na kwa kazi gani? Na kabla ya kusambaza picha ya mgonjwa aliyemtembelea, au ya mtoto wa jirani, aombe ruhusa kwanza.

Je, ni picha ya nani uliyoisambaza wiki hii bila idhini yake? Utafanya nini leo kumrudishia heshima yake?