Jalada Likiharibika, Nani Alishike?

Neno mpelelezi lina maana mbili katika Kiswahili, na mwanafunzi mgeni wa lugha hushangaa azionapo pamoja kamusini. Kwanza ni jasusi, mtu atumwaye kuchungulia mambo ya adui. Pili ni ofisa akusanyaye ushahidi wa jinai ili mwenye hatia afikishwe mbele ya hakimu. Wa kwanza humtumikia aliyemtuma. Wa pili yampasa kuutumikia ukweli, hata ukiwa mchungu kwa aliyemtuma. Swali tunalotaka kulijadili lazuka pale huyu wa pili anapofanana na yule wa kwanza. Akificha, akipotosha, au akizembea tu, je, ni haki mahakama impokonye jalada na kulikabidhi kwa chombo kingine kilicho huru? Na ikisha kulikabidhi, je, ukweli umeokoka?

Kwa kutazama juujuu, jibu ni jepesi. Sisi walimu hatumwachi mwanafunzi asahihishe mtihani wake mwenyewe. Nchini Tanzania, Januari 2006, wafanyabiashara watatu wa madini na dereva wa teksi waliuawa Dar es Salaam, na polisi wakasema kwanza kwamba walikuwa majambazi. Rais Kikwete hakuliachia Jeshi la Polisi lijichunguze lenyewe. Aliunda tume chini ya Jaji Kipenka Mussa, na askari wakashtakiwa. Huko India mahakama zenyewe zina uwezo huo. Februari 2010 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamua kwamba mahakama kuu za majimbo zaweza kuiamuru Ofisi Kuu ya Upelelezi, CBI, ichukue upelelezi wa kosa lililotendeka jimboni, hata serikali ya jimbo isiporidhia. Majaji hawakukosa kuonya kwamba uwezo huo utumike kwa nadra, la sivyo ofisi hiyo itazidiwa na mafaili hata ishindwe kuyapeleleza yaliyo mazito. Onyo hilo twaliona la haki, maana ni nani aliyeshtakiwa asiyemlaumu mpelelezi?

Hata hivyo, sisi tulio Rusizi, katika ardhi ya ule uliokuwa Mkoa wa Cyangugu, tuna sababu ya kutoridhika na jibu jepesi.

Baada ya mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi ya mwaka 1994, miongoni mwa walioshukiwa ni wale wale waliokuwa na amri hapa: Emmanuel Bagambiki, mkuu wa mkoa; Luteni Samuel Imanishimwe, kamanda wa kambi ya jeshi ya Cyangugu; na André Ntagerura, waziri wa uchukuzi, mzaliwa wa mkoa huu. Nani wa hapa angewapeleleza? Umoja wa Mataifa uliunda Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda mwezi Novemba 1994, ikawekwa Arusha, ikiwa na mwendesha mashtaka wake na wapelelezi wake. Halikuwa jalada lililopokonywa askari kwa amri ya hakimu, lakini kwa maana ya uhuru chombo hicho kilipita vyote tulivyokwisha kuvitaja. Hakikula mshahara wa serikali yetu, wala hakikuwa na shemeji Kamembe.

Kesi ya watu hao watatu ilianza Septemba 2000. Tarehe 25 Februari 2004 hukumu ikasomwa: Ntagerura na Bagambiki wakaachiwa huru, Imanishimwe akapewa kifungo cha miaka 27. Majaji walizilaumu hati za mashtaka zenyewe, kwamba vifungu vingi havikusema waziwazi ni nani aliyetenda nini, wapi, na siku gani. Mwaka 2006 Mahakama ya Rufani ilithibitisha kuachiwa kwa wale wawili. Tena ikafuta hatia ya Imanishimwe juu ya mauaji ya watu waliokimbilia uwanja wa mpira wa Gashirabwoba, Aprili 1994, kwa kuwa hakuarifiwa ipasavyo katika hati kwamba angejibu kwa ajili ya uwanja huo kama mkuu wa askari. Kifungo kikashuka hadi miaka 12, kwa maovu yaliyotendwa kambini.

Hapana jaji aliyesema kwamba watu hawakuuawa Gashirabwoba. Watu waliuawa. Kilichopungua ni karatasi.

Wapo wasemao, na hatuwezi kuwalaumu, kwamba ni aibu damu ya watu kupimwa kwa kifungu cha hati. Sisi, baada ya kusitasita sana, twaona majaji walitenda lililowapasa. Mtu asiyeambiwa anashtakiwa kwa lipi hawezi kujitetea. Na tukiikubali hati ya ovyo kwa yule tumchukiaye, kesho itatosha kumfunga mchuuzi asiye na wakili. Lakini haki hiyo ililipiwa na waliofiwa, ambao hawakuandika neno hata moja la hati ile. Hapo ndipo tunapoona kosa la kimaadili, nalo halikuwa la majaji peke yao wala la washtakiwa.

Basi uhuru wa mpelelezi humpa mikono safi, haumpi macho. Mgeni hana wa kumpendelea, na pia hajui njia iendayo uwanjani. Huko Arusha shahidi alisema Kinyarwanda, jaji akasikia Kifaransa au Kiingereza; nasi tufundishao lugha twajua ni mambo mangapi hudondoka njiani. (Hatudai kwamba tafsiri ndiyo iliyoharibu hati hizi.) Hata kule Dar es Salaam, tume haikumaliza kazi: mwaka 2009 Mahakama Kuu iliwaachia washtakiwa, na mwaka 2016 Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilimtia hatiani mmoja tu.

Rwanda iliutoa upelelezi mikononi mwa polisi kwa sheria ya mwaka 2017 iliyounda Ofisi ya Upelelezi ya Rwanda, RIB. Mwaka uleule, wasomaji wetu watakumbuka kwa furaha, Kiswahili kilifanywa lugha rasmi ya nchi. Twaiona hatua hiyo kuwa njema. Ila yule atakayehamisha jalada, awe bunge au hakimu, aghalabu huuliza tu nani hana masilahi katika kesi. Yafaa aulize pia nani atakwenda mahali penyewe, aandike siku, majina na amri iliyotolewa. Na akisha kulihamisha, asilifumbie macho hadi mwisho. Kasoro za hati za Cyangugu zilitamkwa siku ya hukumu, baada ya zaidi ya miaka mitatu ya kesi, wakati mashahidi wamekwisha kurudi makwao na hapana tena awezaye kuandika kifungu kipya. Laiti zingetamkwa hivyo siku ya kwanza, mwendesha mashtaka angalikuwa na nafasi ya kurudi Gashirabwoba.