Hujafa Hujaumbika: Maadili ya Kicheko katika Kadi za John Pound

Wahenga wanatuonya kwamba hujafa hujaumbika. Methali hii inabeba nadharia nzima ya kicheko: anayelicheka umbo la mwenziwe husahau kuwa lake halijakamilika. Makala hii inanuia kuipima nadharia hiyo kwa kuitazama kazi ya mchoraji wa Kimarekani, John Pound.

Mnamo mwaka 1985 kampuni ya Topps ya Brooklyn, iliyouza chingamu na kadi za picha, ilitoa kadi za kunata zilizoitwa Garbage Pail Kids. Pound ndiye aliyezichora picha za mfululizo wa kwanza. Zilikuwa kejeli dhidi ya wanasesere wa Cabbage Patch Kids, ambao waliuzwa pamoja na hati za kuwaasili mithili ya watoto halisi. Watoto wa Pound walitoka makamasi, wakatapika, wakalipuka. Wanafunzi walizigombea kadi hizo. Baadhi ya shule zikazipiga marufuku. Mwaka 1986 wenye wanasesere waliishtaki Topps katika jimbo la Georgia, na mwaka uliofuata pande hizo zikapatana nje ya mahakama.

Sheria iliuliza nani kaiga umbo la nani. Swali letu ni jingine: je, ni halali kuchekesha kwa umbo lililoharibika?

Bakhtin, katika utafiti wake kuhusu Rabelais uliochapishwa mwaka 1965, anauona mwili wa vioja kuwa ni mwili wa umma mzima. Humo anayecheka naye huchekwa. Kwa mtazamo huu Pound anaweza kutetewa. Chukua kadi yake mashuhuri, Adam Bomb: mtoto anabonyeza kitufe, na utosi wake unafumuka kwa wingu la bomu la atomiki. Hapa hachekwi mlemavu. Inayosutwa ni dunia ya watu wazima, inayouza mapenzi kwa hati na kulimbikiza silaha. Hii ni tashtiti halali.

Hata hivyo, utetezi huu haujitoshelezi. Kila picha ilitolewa kwa majina mawili. Mtoto yuleyule wa bomu aliitwa pia Blasted Billy. Jina ndilo lililoiondoa picha kwenye dhana na kuibandika kwa mtoto fulani darasani. Pale ambapo kila mmoja alikuwa na kadi yenye jina la mwenziwe, watoto walijitungia utani wao. Lakini pale ambapo darasa zima lilimwelekezea mmoja kadi moja, utani uligeuka masimango.

Aidha, kadi hizo zilibeba majina ya watoto bila kubeba jina la mchoraji. Aliyechekwa alitajwa, aliyechekesha alisitirika nyuma ya kampuni. Katika utamaduni wetu mtani hujulikana, na hujua kwamba zamu yake itafika. Haki ya kumdhihaki mtu hutokana na kukubali kudhihakiwa.

Kwa hivyo, tunadai kwamba kosa, kama lipo, halimo katika brashi ya Pound. Limo katika mpango wa biashara uliovunja masharti ya utani. Mhakiki anayeishia kupima iwapo picha inachukiza hajauliza swali lenyewe: je, aliyechekwa aliachiwa nafasi ya kujibu?