Je, Kumuogopa Mgeni Njiani ni Dhana Mbaya?



Baada ya darsa moja hapa chuoni, dada mmoja aliuliza: "Nikikutana na mwanamume nisiyemjua kwenye njia isiyo na watu, nikaogopa, je, nimeshamdhania vibaya?" Swali hili ni zito, kwani Sura al-Hujurat, aya ya 12, inatuamuru tujiepushe na dhana nyingi.

Naona tutenganishe hofu na hukumu. Hofu humjia mtu bila kuitwa. Nabii Ibrahim (A.S.) aliwaandalia wageni asiowajua ndama wa kuchoma. Alipoona hawanyooshi mikono kula, aliingiwa na hofu. Sura Hud inaisimulia hofu hiyo bila kumlaumu. Lakini hakuwafukuza wala hakuwatukana.

Hukumu ni jambo jingine. Usama bin Zayd (R.A.) alimuua vitani mtu aliyekwisha kutamka shahada, akidhani ameitamka kwa kuogopa silaha. Mtume (S.A.W.) alimkemea vikali, akamuuliza kama aliupasua moyo wake. Na Sura an-Nisaa, aya ya 94, inawataka waumini walio safarini wahakikishe kwanza, wasimkatae anayewatolea salamu.

Kwa hiyo dada yetu hana dhambi akibadili njia, akipiga simu nyumbani au akikataa lifti. Hiyo ni tahadhari, nayo haimvunjii mtu heshima. Dhambi huanza tunapofika bwenini na kusimulia kuwa tumekutana na mwizi, eti kwa kuwa nguo zake zilikuwa chafu au lafudhi yake ni ya nchi jirani. Katika miji yetu, ukelele mmoja wa "mwizi!" unaweza kumtoa mtu roho kabla polisi hawajafika. Nani atajibu mbele ya Allah?

Nasi wanaume tusijitoe katika swali hili. Mtume (S.A.W.) alipoonwa usiku na Maansari wawili akiwa na mkewe Safiyya (R.A.), aliwaita akawaambia ni nani, ili shaka isiingie nyoyoni mwao. Ikiwa yeye aliwaondolea watu shaka, sisi ni nani hata tukasirike tukiogopwa? Ukimkuta dada peke yake gizani, toa salamu kwa mbali, mpishe, usimfuate nyuma.

Mwenyezi Mungu atulinde na shari za njiani, na awalinde wapita njia na shari za ndimi zetu. Amin.