Chunguzeni Kabla ya Kuhukumu



Ndugu zangu katika imani, tarehe 2 Aprili 2015 watu 148, wengi wao wanafunzi kama sisi, waliuawa katika Chuo Kikuu cha Garissa, Kenya. Kumwaga damu isiyo na hatia ni dhulma, na serikali ina wajibu wa kuwalinda raia.

Lakini siku chache baadaye, Haki Africa na MUHURI, mashirika ya haki za binadamu ya Mombasa, yalitiwa katika orodha ya wanaoshukiwa kusaidia ugaidi. Akaunti zao zikafungwa. Mahakama Kuu haikuona ushahidi, na mwezi Novemba ikaamuru zifunguliwe. Miezi yote hiyo, mama ambaye mwanawe alichukuliwa na askari asirudi, angemlilia nani?

Suratul Hujurat, aya ya 6, inatuamuru tuchunguze habari, tusije tukawadhuru watu kwa kutojua kisha tukajuta. Amri hii haiwahusu watawala peke yao.

Nakiri mbele yenu: nilipoombwa niwe mweka hazina wa mfuko wetu wa sadaka, nilikataa kwa kuogopa kushukiwa. Nilikosea. Hofu yangu iliwaumiza mayatima, haikumzuia gaidi hata mmoja. Suratul Baqara, aya ya 282, imetufundisha kuandika madeni. Basi tuandike kila shilingi, daftari liwe wazi kwa yeyote anayeuliza, na sadaka iendelee.

Allah atujaalie uadilifu, watawala na watawaliwa. Amin.