Waliokagua Saa Kwanza

Katika ulimwengu alioubuni mwandishi Mmarekani Ted Chiang hakuna mtu wa nyama na damu. Wakazi wake wote ni mashine zenye akili, wenye viungo vya chuma, na kinachowaendesha ni gesi ya argoni, ambayo wao huiita hewa tu. Kila siku mtu hufungua kifua chake, akachomoa mapafu mawili yaliyokwisha na kupachika mengine yaliyojaa. Vituo vya kujazia mapafu ndivyo vijiwe vyao. Mtu anaweza kuwa na mapafu ya akiba nyumbani na bado akaenda kituoni, maana huko ndiko kwenye soga.

Hadithi yenyewe, "Exhalation", ilitoka mwaka 2008 na mwaka uliofuata ikapata tuzo ya Hugo kwa upande wa hadithi fupi. Ni kurasa chache, lakini nikiambiwa nichague kisa kimoja cha kuwasomea vijana wanaokua na akili mnemba mkononi, ningechagua hiki.

Wakazi hao wana desturi. Adhuhuri ya siku ya kwanza ya mwaka, mpiga mbiu husimama hadharani na kughani utenzi unaochukua saa moja kamili. Mwaka mmoja saa ya mnara iligonga kabla hajamaliza. Habari zikaja kutoka mitaa mingine kwamba huko nako imekuwa vivyo hivyo. Basi wakafanya ambalo sisi sote tungelifanya: wakazikagua saa. Zikachunguzwa, zikalinganishwa na saa nyingine za kuaminika, na kasoro haikuonekana.

Hapa mwalimu mzuri angesimama kidogo na darasa lake. Washukiwa walikuwa wawili, saa na aliyeisikiliza, lakini aliyekamatwa ni mmoja tu. Wala si rahisi kuwalaumu. Mpiga mbiu alighani kwa mwendo aliouzoea, na wasikilizaji waliusikia mwendo uleule, kwa kuwa bongo zote zilikuwa zimepungua kasi kwa kiasi kimoja. Akili iliyopungua namna hiyo haijioni kuwa imechelewa. Huona dunia ndiyo iliyoanza kukimbia.

Msimulizi wa hadithi, msomi wa anatomia, ndiye aliyeamua kumkagua mshukiwa wa pili. Alikikaza kichwa chake mahali pamoja, akapanga prizimu za kioo za kumwezesha kukiona kisogo chake mwenyewe, kisha akaanza kuufungua ubongo wake, kipande baada ya kipande, akiwa macho. Baadhi ya wasomi wa kwao walidhani kumbukumbu za mtu zimechorwa kwenye mabamba membamba ya dhahabu. Alichokikuta ni vijani vya dhahabu visivyohesabika vikipeperushwa na mikondo ya hewa, na fikra ilikuwa ni mpangilio wa mikondo hiyo. Hakuna kilichoandikwa popote. Ndiyo maana aliyeishiwa hewa hafufuki hata akipachikwa mapafu mapya: kiwiliwili ni kizima, mwenyewe hayupo.

Sasa, mikondo imepunguzwa kasi na nini, wakati hewa ni ileile? Hewa yao hutoka kwenye hazina iliyo chini kabisa ya ardhi, yenye mgandamizo mkubwa, ikapita ndani ya watu na kuishia nje, ambako mgandamizo ni mdogo. Kila pumzi huuongeza kidogo ule wa nje, na ulimwengu wao umezungukwa na ukuta mzito wa kromiamu usio na tundu. Anayepika kwa gesi analijua jambo hili nusu. Mtungi ukiisha hauko mtupu; gesi imo bado, ila mgandamizo wake umelingana na wa jikoni, kwa hiyo haitoki. Kumbe kilichokuwa kikiwaweka hai ni tofauti ya mgandamizo, na hewa ilikuwa mbebaji tu. Nadhani hiyo ndiyo sababu Chiang aliwapa argoni, gesi isiyowaka hata ukiiwashia kiberiti siku nzima: msomaji hawezi kudai kwamba mafuta yaliisha. Kwetu, kipimo cha mwelekeo huu wa tofauti kujisawazisha kilipewa jina la entropia na Mjerumani Rudolf Clausius mwaka 1865.

Habari kwamba tofauti hiyo ya mgandamizo inaelekea kuisha zilipoenea, hofu ikashika mji. Wapo waliotaka kila shughuli ipunguzwe ili pumzi zipungue. Wakaanza kushutumiana kwa kupoteza hewa, shutuma zikawa ngumi, watu wakafa. Na kupigana nako hula hewa. Msimulizi yeye alikaa akachonga maelezo yake kwenye mabamba ya shaba, kwa ajili ya msafiri ambaye huenda siku moja akautoboa ukuta na kuingia. Wasomaji wengi huipenda sehemu hiyo kwa faraja yake. Mimi nawatazama zaidi Wageuzaji.

Hao walikuwa kundi lenye imani kwamba hali inaweza kurudishwa nyuma. Walijenga mtambo wa kuivuta hewa ya nje na kuishindilia mahali padogo, na mtambo ulifanya kazi barabara. Kasoro ni kwamba uliendeshwa na hewa ya hazinani, na kwa kila pafu ulilolijaza, ulikula pafu moja na ziada kidogo. Leo huko Marekani kuna vituo vya akili mnemba vilivyojengewa mitambo ya gesi asilia ubavuni, na miongoni mwa watetezi wake wapo wanaosema mashine hizohizo ndizo zitakazotuvumbulia dawa ya mabadiliko ya tabianchi. Huenda. Sisi tuna jua linalotuletea nishati kila siku, wao hawakuwa nalo, kwa hiyo mfano haukai sawasawa. Lakini hesabu ya kudai ni moja: mtambo unakula kiasi gani, na chakula chake kinatoka wapi?

Wageuzaji waliposhindwa, baadhi ya wafuasi walijitoa. Waliobaki hawakukata tamaa. Walichora mitambo mipya isiyogusa kabisa hewa ya hazina, mmoja wa springi, mwingine wa uzito unaoshuka. Nayo haikufua dafu. Springi ilibidi ikazwe kwa mkono, uzito nao upandishwe juu kwa mkono, na aliyekaza na aliyepandisha walikuwa wametoka kubadilisha mapafu kituoni asubuhi hiyo.